Deshkavi wa Xiaobei

Jumanne, saa tatu na nusu asubuhi, afisa wa dirisha la sita la ofisi ya vibali alirudisha faili la Hasmukh Vaghela kupitia uwazi wa chini ya kioo. Alilirudisha kwa mikono miwili, kwa adabu, kama watu wa pale wanavyorudisha kila kitu. Kisha akaweka kidole juu ya mkataba wa nyumba na kuuliza jambo.

"Anauliza huyu ni nani," alisema Bhavna.

Bhavna alikuwa na miaka kumi na sita na alikuwa amevaa sare, kwa sababu alitarajia kuwahi kipindi kabla ya mapumziko. Baba yake alikuwa ameishi Guangzhou tangu kabla hajazaliwa, na Kichina chake kilitosha kuuliza bei na kuikataa. Kwa mambo mengine yote alimtumia binti yake.

"Mwambie ni mimi."

"Anasema pasipoti imeandikwa Hasmukh Vaghela. Kwenye mkataba kuna mtu anaitwa Deshkavi Hasmukh Vaghela. Anauliza kama ni kaka yako."

Hansa, mke wa Hasmukh, alitazama dari.

"Mwambie hilo ni jina la heshima," alisema Hasmukh, akinyoosha kola yake. "Nimepewa na Sabha ya Washairi Wazalendo wa Bharat, Tawi la China ya Kusini. Maana yake ni mshairi wa nchi."

Bhavna alilifupisha likawa maneno manne. Afisa, mwanamke wa makamo mwenye chupa ya chai kando ya kompyuta, aliigeuza pasipoti akatazama jalada lake.

"Anauliza nchi gani. Pasipoti ni ya Tanzania."

Hasmukh alinyoosha kola tena. Nyuma yake foleni ilisogea nusu hatua mbele, kama foleni inavyosogea inapohisi kwamba mtu yuko karibu kuondoka.

Afisa alieleza, na Bhavna akatafsiri bila kumwangalia baba yake. Vibali vyao vya ukaazi vilikuwa vinakwisha Ijumaa. Cha baba kilitegemea mkataba wa nyumba. Cha mama na cha mtoto vilitegemea cha baba. Mkataba wenye jina lisilo la kwenye pasipoti ni mkataba wa mtu mwingine. Njia zilikuwa mbili. Ama mwenye nyumba aje mwenyewe na mkataba mpya, ama waliompa bwana huyu hilo neno waandike barua yenye mhuri kwamba si jina wala cheo, na yeye mwenyewe asaini kukiri hivyo.

"Kukiri nini?" aliuliza Hasmukh.

"Kwamba si jina wala cheo, Baba."

"Nimesikia. Nauliza wanataka nikiri kwa sababu gani."

Bhavna hakulitafsiri hilo. Alichukua faili akalitia kwenye begi lake la shule, na mwanamke mwenye mtoto mgongoni akaingia mahali pao.

* * *

Hasmukh Vaghela alizaliwa Tanga, akasoma Tanga, na kuondoka Tanga akiwa na miaka thelathini na tano. Tangu hapo alikuwa wakala wa mizigo katika jengo la Tianxiu, akikusanya bidhaa za wafanyabiashara wadogo na kuzipakia katika makontena ya kwenda Nansha bandarini. Kazi hiyo aliijua. India alikuwa amekwenda mara tatu, zote kununua vitambaa Surat, na mara zote aliumwa tumbo.

Kuhusu India, ile Bharat ya washairi, alikuwa ametunga mashairi yapatayo mia mbili kwa Kigujarati. Yalihusu udongo wake, askari wake na mito yake. Aliposoma ule ubeti wa Mto Ganga sauti ilimkwama kooni kila mara, mahali palepale. Mto wenyewe hakuwahi kuuona.

Januari, siku ya sherehe za Jamhuri ya India, Sabha, yaani kile chama cha washairi, ilimtunuku jina la Deshkavi. Shughuli ilifanyika katika ukumbi wa juu ya mgahawa mmoja wa mtaa wa Xiaobei. Desturi ni kwamba mtunukiwa huvikwa shali mabegani, hukabidhiwa nazi, na jina lake huitwa mara tatu likitanguliwa na heshima yake mpya. Shali ilikuwepo. Nazi kavu haikupatikana. Duka la jirani lilikuwa na madafu ya Hainan tu, yaliyochongwa na kufungwa kwa plastiki. Picha kubwa iliyotundikwa sebuleni kwa akina Vaghela ilimwonyesha Hasmukh akilia, ameshika dafu lenye kibandiko cha bei.

Kanuni ya Sabha, iliyosomwa siku hiyo kwa kipaza sauti, ilisema kwamba heshima hutangulia jina katika kila maandishi, na kuiacha ni kuitukana nchi. Watu wengine huipigia makofi kanuni ya namna hiyo na kwenda kula. Hasmukh aliitekeleza. Alibadilisha kibao cha mlango wa ofisi. Alibadilisha kadi zake. Na mwezi Machi, mkataba wa nyumba ulipofikia kuandikwa upya, alimwandikia mwenye nyumba, Bibi Liang, jina lake jipya kwa herufi kubwa. Bibi Liang angeandika hata jina la paka, mradi kodi iingie.

* * *

Ofisi ya Hasmukh ilikuwa nusu ya chumba. Nusu ya pili ilikuwa ya Khatib, Mpemba, wakala wa mizigo kama yeye. Katikati walitenganishwa na marobota ya nguo za mitumba na mzani. Kwenye mlango kulikuwa na vibao viwili: KHATIB CARGO, na juu yake, kipana zaidi, DESHKAVI CARGO.

"Mheshimiwa amerudi mapema," alisema Khatib. Kisha akamwona Hansa na Bhavna nyuma yake, akaondoa miguu juu ya robota. "Karibu shemeji. Kuna nini?"

Hansa alimweleza. Akina Vaghela walisali kwa Kigujarati na kugombana kwa Kiswahili, na sasa alizungumza Kiswahili cha Tanga kilichonyooka.

"Bibi Liang si yupo?" aliuliza Khatib. "Mpigie hapa hapa."

Bibi Liang alitokea kwenye simu akiwa amevaa koti zito, amembeba kichanga. Alikuwa Harbin, upande wa pili wa nchi, kwa binti yake aliyejifungua. Angerudi mwezi ukiisha. Bhavna alimweleza jambo lote polepole, na Bibi Liang alisikitika kwelikweli, akakielekeza kichanga kwenye kamera ili wakione.

"Meiyou banfa," alisema mwishowe.

Hilo halikuhitaji tafsiri. Kila aliyewahi kufanya biashara Xiaobei ameambiwa hivyo mara nyingi: hakuna la kufanya.

"Basi ni barua," alisema Khatib. "Nenda kwa hao wenzako wakuandikie. Mstari mmoja tu."

"Siendi."

"Kwa nini?"

"Khatib, mtu akuvike nguo mbele ya watu, halafu umwendee na kumwambia niandikie kwamba sijavaa kitu?"

"Mimi ningekwenda mbio." Khatib aligeukia mzani wake. "Pemba kuna watu wanatunga tangu watoto, na hata cheti cha kuzaliwa hawana. Wewe umepewa nchi nzima, umeshindwa kupanga nyumba."

"Usinidhihaki."

"Sikudhihaki. Nasema yaliyopo."

Hansa alikuwa amekaa juu ya robota, mkoba mapajani. "Baba Bhavna, Ijumaa vibali vinakwisha. Jumatatu mtoto anaanza mitihani. Akiikosa, anarudia mwaka mzima. Hilo umelisikia pale dirishani, au ulikuwa unamsikiliza nani?"

"Afadhali niondoke China kwa heshima."

"Uende nchi gani?" alisema Hansa. "Ya kwenye mashairi au ya kwenye pasipoti?"

Khatib aliinama akasoma uzito wa robota ambalo alikwisha kulipima.

Bhavna alitazama saa ya simu yake. "Nikiondoka sasa nawahi Kemia," alisema, akatoa faili kwenye begi, akaliweka juu ya meza ya baba yake, akaenda.

* * *

Jumatano Hansa alikwenda peke yake kwa mwenyekiti wa Sabha, Daktari Trivedi. Udaktari wake nao ulikuwa wa heshima, na alitunukiwa na chama kingine ambacho yeye mwenyewe alikuwa makamu mwenyekiti. Duka lake liliuza vikombe vya mashindano, medali na mashada ya plastiki kwa jumla. Vikombe vilipangwa ukutani toka sakafuni hadi dari, vyote bila majina.

Hansa alikuwa ameandaa maneno njiani. Alipanga kuanza na habari za mtoto, kisha mitihani, na barua aitaje mwishoni kabisa.

"Trivedi-bhai, samahani kukusumbua. Nina shida, na nikieleza utaona ni ngumu kidogo. Ni kuhusu barua—"

"Ya uhamiaji au ya benki?" aliuliza Trivedi.

Hansa aliuhamisha mkoba mkono wa pili.

"Ya benki ni fupi," alisema Trivedi. "Ya uhamiaji lazima iwe na Kichina upande wa pili."

"Ya uhamiaji."

Alifungua kompyuta, akaandika jina mahali palipoachwa wazi, na mashine iliyokuwa nyuma yake ikatoa karatasi. Hakuchukua muda mrefu kuliko mtu anayetoa risiti. Hansa aliisoma akiwa amesimama. Sabha ilithibitisha kwamba neno "Deshkavi" ni ishara ya upendo wa wanachama wake tu. Kwamba halitambuliwi na serikali yoyote. Kwamba si jina, si cheo wala taaluma. Na kwamba aliyepewa hapati haki yoyote kwalo.

"Wengine pia huja?" aliuliza.

"Wote huja, ben. Mmoja alikwama uwanja wa ndege," alisema Trivedi, akimwita dada kwa Kigujarati.

"Mume wangu aliona haya kuja. Alidhani mtaumia."

"Kuumia kwa nini? Soma tena. Kuna neno la uongo humo?"

"Hakuna."

"Basi." Trivedi alipiga mhuri, akaupulizia ukauke. "Asaini hapa chini, kwa mkono wake. Asiongeze maneno. Washairi huongeza maneno."

"Na ile kanuni? Ya kutanguliza kila mahali?"

"Hiyo ni ya sherehe," alisema Trivedi. Alimpa barua kwa mikono miwili. Na yeye alikuwa amekaa mji huu muda mrefu. "Ila shali naiomba. Jumamosi tuna mtu kutoka Foshan, ameandika vizuri sana kuhusu askari wa mpakani. Shali ziko mbili na moja iko kwa dobi."

"Mlimwambia ni yake."

"Tulimvika, ben. Hatukusema ni yake. Dafu ndilo lilikuwa lake."

Hansa alitia barua kwenye mkoba. Mlangoni aligeuka. "Ina doa la dengu."

"Upande gani?"

"Wa ndani."

"Si neno," alisema Trivedi.

* * *

Jioni hiyo Hansa aliweka barua mezani kando ya sahani ya mumewe, akaenda kuitoa shali nyuma ya mlango wa chumba cha kulala. Ilikuwa ndani ya mfuko wa plastiki ambao Hasmukh hakuruhusu mtu aufungue. Aliichovya kwenye beseni ya jikoni na kuanza kusugua doa kwa sabuni ya mche. Kwenye pindo, chini ya lebo, aliona vibandiko vitatu vidogo vya karatasi vya dobi, vya rangi tofauti. Hakumwita mumewe aje avione. Alivibandua kimoja kimoja na kuvitupa.

Hasmukh alisoma barua mara mbili.

"Alisikitika?" aliuliza kwa sauti kutoka sebuleni.

"Nani?"

"Trivedi. Alipoandika."

"Aliniuliza kama nataka na ya benki."

Mezani, upande wa pili, Bhavna alikuwa na vitabu vyake. Hakuinua kichwa.

"Labda aliona vigumu kuonyesha," alisema Hasmukh.

"Baba Bhavna, ilikuwa imeandikwa tayari. Kilichokosekana ni jina lako tu. Na mashine ilikuwa imewashwa."

Hasmukh alichukua kalamu. Mahali pa kusaini alianza kuandika kitu kidogo pembeni.

"Unaandika nini?" aliuliza Bhavna.

"Neno moja. 'Kwa sasa.'"

"Ukiongeza neno wanairudisha."

"Neno moja halibadilishi maana."

"Kama halibadilishi, la nini?"

Aliweka kalamu chini. Kutoka jikoni ilisikika shali ikikamuliwa. Hasmukh aliinuka akasimama mlangoni na kumtazama mkewe akiitundika juu ya sinki kwa vibanio vya nguo.

"Unaifulia nini? Si yetu hii?"

"Si yetu. Jumamosi anavikwa mtu wa Foshan."

Hasmukh aligusa pindo la shali, likamdondoshea maji. "Anaandika nini huyo wa Foshan?"

"Askari wa mpakani."

"Mimi nimewaandika askari wa mpakani," alisema Hasmukh. "Beti kumi na nane."

"Najua. Ulinisomea."

Alirudi mezani. Barua ilikuwa palepale, na alama ya kalamu pembeni, herufi moja na nusu, ikionekana wazi. Alijaribu kuifuta kwa kifutio cha Bhavna, ikaacha ukungu wa buluu. Ilibidi Hansa ampigie Trivedi amtumie nakala nyingine kwa simu, na Bhavna ashuke kwenda kuichapisha dukani chini. Trivedi hakuuliza sababu. Alituma zote mbili, ya uhamiaji na ya benki.

"Alijua na benki tutafika," alisema Hasmukh, akiangalia ile ya benki.

Hakuisaini barua jioni hiyo.

* * *

Alhamisi, Hansa alitangulia kwa Trivedi kupeleka shali, ikiwa bado na unyevu pindoni. Trivedi aliikunjua, akatazama upande wa ndani, akainusa, akapiga mhuri kwenye ile nakala mpya.

Walikutana wote watatu ofisi ya vibali saa nne. Hasmukh alikuwa amevaa suti ya Januari. Dirisha la sita lilikuwa na afisa yuleyule na chupa ileile ya chai. Alisoma barua ya Sabha upande wa Kichina, kisha akaonyesha mahali pa saini palipokuwa wazi.

"Anasema usaini mbele yake," alisema Bhavna.

Hasmukh alishika kalamu iliyofungwa kwa kamba kwenye kaunta. Kamba ilikuwa fupi, ikambidi ainame, shavu karibu na kioo. Mkono wake, uliokwisha kuzoea, ulianza na D. Aliusimamisha. Aligeuza ile D taratibu ikawa kitu kinachofanana na H, akamalizia jina lililosalia.

Afisa aliisogeza pasipoti, akalinganisha saini, akarudi kwenye ile herufi ya kwanza. Alimwangalia mwenye saini kwa muda. Halafu akaanza kuuliza, huku vidole vyake vikingoja juu ya kompyuta.

"Anauliza: hili neno ni jina lako?"

"Hapana."

"Ni cheo ulichopewa na serikali yoyote?"

"Hapana."

"Ni kazi yako hapa China?"

Hasmukh alitazama nyuma. Foleni ilikuwa ndefu. Khatib naye alikuwemo, mbali kidogo, akishughulikia kibali cha mteja wake. Alikuwa amegeuka kusoma tangazo la Kichina ukutani, na Kichina Khatib hajui kukisoma.

"Baba."

"Kazi yangu ni wakala wa mizigo."

"Hakuuliza hivyo. Ameuliza kama hili ndilo."

"Hapana."

Afisa aliandika. Kisha akauliza swali jingine, na safari hii alimuuliza Bhavna, si yeye. Bhavna alijibu papo hapo, kwa maneno mawili, na afisa akaitikia kwa kichwa na kubonyeza kitufe.

"Ameuliza nini?"

"Ameuliza, basi ni nini."

"Na wewe umesema?"

Bhavna alikuwa akikusanya picha za pasipoti zilizobaki, akizipanga pembe kwa pembe.

"Nimesema si kitu."

Mashine ilitoa stakabadhi ya maombi ya vibali. Afisa aliipiga mhuri mwekundu, akaipitisha chini ya kioo kwa mikono miwili. Ilikuwa na majina matatu, kila moja kama lilivyo kwenye pasipoti. Hansa aliyasoma yote, kisha akaikunja na kuitia kwenye mkoba, na Bhavna akakimbilia treni ya kwenda shule.